Friza Iliyokatiwa Umeme: Siku Ishirini Siberia

Jumamosi, 27 Julai 2024. Tomsk

Mama amepiga simu alfajiri, kabla sijafunga begi. Swali lake la kwanza ni lile lile la siku zote: "Baridi ikoje huko, mwanangu?" Nimemwambia leo tuna nyuzijoto 28 na nimelala dirisha wazi. Hakuamini. Nyumbani ukitaja Siberia mtu anaona theluji tu, mwaka mzima, na wafungwa wakivunja mawe.

Mimi ni mtoto wa Kibirizi, Kigoma, na hapa Tomsk nasoma sayansi ya maji, mwaka wa pili wa uzamili. Nilipofika huku nikasikia kwamba ziwa pekee duniani lenye kina kuzidi Tanganyika liko Siberia, nikaapa sitarudi nyumbani bila kulitia mkono. Baikal lina kina cha mita 1,642. Letu lina mita 1,470. La kwanza na la pili, yote mawili yamekaa ndani ya ufa wa ardhi, yote mawili yana viumbe wasiopatikana kwingine kokote.

Lakini sitaki kwenda ziwani moja kwa moja kama mtalii. Siberia ni kama kilomita za mraba milioni 13. Tanzania ungeipanga humo mara kumi na tatu na nafasi ikabaki. Chini yake kuna mafuta, gesi, makaa ya mawe, nikeli, dhahabu na almasi, na mito yake inaendesha viwanda vikubwa vya alumini. Nataka nipite kwanza pale utajiri huo unapotolewa, halafu ndipo nifike kwenye maji.

Mama ameniambia pia kwamba Mjomba yuko nyumbani anashona nyavu, hana kazi. Ziwa limefungwa tangu 15 Mei, litafunguliwa 15 Agosti. Miezi mitatu bila uvuvi, ili samaki wazaane. Nimeiandika tarehe hiyo kwenye jalada la daftari.

Jumapili, 28 Julai. Kiselyovsk

Mabasi mawili, siku nzima. Nimekuja na rafiki yangu wa bwenini ambaye kwao ni hapa, bonde la Kuznetsk, au Kuzbass kama wanavyoliita wenyewe. Tulipoipita Kemerovo nikaanza kuona vilima vyenye vichwa bapa na kuta zilizonyooka. Nikamwambia rafiki yangu kwamba kwao kuna vilima vizuri. Akanyamaza kidogo, kisha akasema: "Hivyo si vilima. Ni vifusi." Udongo na mawe yaliyofukuliwa ili makaa yapatikane, yakarundikwa mpaka yakawa milima. Bonde hili linatoa tani milioni 200 hivi za makaa kwa mwaka, karibu nusu ya makaa yote ya Urusi, na sehemu kubwa inachimbwa kwa machimbo ya wazi. Wanalipua mwamba kwa baruti, vumbi linapanda, upepo unaamua limwangukie nani.

Bibi yake ametupokea kwa supu ya kiazisukari chekundu na mkate. Mchana alipangusa kizingiti cha dirisha kwa kitambaa cheupe, nikimwona. Jioni, baada ya kula, akanipa kitambaa kingine kisafi, akanionyesha dirisha lile lile. "Pangusa wewe." Nikapitisha mara moja. Kitambaa kimerudi na weusi laini kama wanja, unaong'aa ukiuelekeza kwenye taa. Zilikuwa zimepita saa sita tu, na dirisha lilikuwa limefungwa.

Jumatatu, 29 Julai. Kiselyovsk

Leo Bibi amenionyesha picha kwenye simu ya mjukuu wake. Ni theluji ya mwezi Machi, mahali alipoichimba kwa koleo kutengeneza njia ya kwenda chooni. Ukuta wa theluji umekatika vizuri kama keki, na ndani yake kuna mistari: mweupe, mweusi, mweupe, wa kijivu, mweusi tii. Kila mstari mweusi ni siku za upepo mbaya. Bibi anaisoma kama kalenda. Huu ni wa Krismasi, huu ni wa wiki ile walipolipua sana, huu ni wa baridi kali, watu wote walipokuwa wanakoka majiko.

Picha hiyo haijanitoka. Kwetu mvua inaosha. Vumbi la Juni linaondoka na mvua za Novemba na hakuna anayelikumbuka. Hapa uchafu unakaa kwenye theluji miezi mitano, umepangwa kwa tarehe, halafu mwezi Aprili wote unayeyuka kwa pamoja na kuingia bustanini na mtoni. Februari 2019 theluji ya hapa, na ya Prokopyevsk na Leninsk-Kuznetsky, ilianguka nyeusi kiasi kwamba picha zake zilizunguka dunia nzima. Juni mwaka huo huo wakazi wa Kiselyovsk walirekodi video wakamwomba waziri mkuu wa Kanada awapokee kama wakimbizi wa mazingira. Watu wa nchi kubwa kuliko zote duniani, wakiomba mahali pa kupumulia.

Walikuwa na sababu. Chini ya mitaa kuna migodi ya zamani iliyoachwa, na mingine inaungua yenyewe kwa ndani. Rafiki yangu amenipeleka pembeni ya mji, penye ufa kwenye nyasi. Nyasi zimekauka rangi ya majani ya chai, na nilipoinamisha mkono nikahisi joto kama la mtu anayekupumulia. Harufu ni ya njiti ya kiberiti iliyozimwa.

Nimemuuliza Bibi kama angependa migodi ifungwe. Akanitazama kama mtu aliyeulizwa swali na mtoto. Mumewe alishuka chini ya ardhi maisha yake yote ya kazi, na jiko analopikia supu linakoka makaa. "Wakifunga, watoto watakula nini? Mimi sitaki wafunge. Nataka wasilipue karibu na nyumba, na wafukie wanapotoka." Sidhani kuna mkutano wowote wa mazingira ambao ungeandika dai lililo wazi zaidi ya hilo.

Jumatano, 31 Julai. Ndani ya treni

Daraja la tatu, vitanda vya ghorofa bila milango. Mwisho wa behewa kuna pipa la maji ya moto ambalo kila mtu analiheshimu. Misitu haina mwisho.

Krasnoyarsk tumesimama nusu saa hivi. Nimeuona mto Yenisei kutoka darajani, mpana, wa kijani kibichi. Bwawa la umeme lililo juu ya mji, lililokamilika mwaka 1972, limeufanya mto usigande tena wakati wa baridi hapo mjini. Maji yanatoka chini ya bwawa yakiwa na joto kidogo, mvuke unapanda, na moshi wa makaa ya majumbani unanasa kwenye ukungu huo. Wenyeji wanaziita siku hizo "anga jeusi".

Hapo amepanda mzee mmoja kitanda cha chini yangu. Anatoka Norilsk, amestaafu, anahamia kwa binti yake Irkutsk. Alipokuwa anasimulia alisema, "Kule kwetu kila kitu kinatoka bara." Nikadhani sijasikia vizuri. Akarudia: wanaiita Urusi yote iliyobaki "bara", ingawa Norilsk si kisiwa. Hakuna barabara wala reli ya kuiunganisha na sehemu nyingine za nchi. Unafika kwa ndege, au kwa meli kupitia Yenisei. Nimemwambia nchini kwetu kuna watu wa visiwani wanaosema hivyo hivyo, "bara", na kwa sauti ile ile. Amecheka, akanimegea nusu ya soseji yake.

Mimi Norilsk siwezi kufika. Mgeni anahitaji kibali maalumu. Kwa hiyo nimesikiliza.

Mji ulijengwa na wafungwa kuanzia mwaka 1935, juu ya nikeli, shaba na paladiamu. Kwa miaka mingi viwanda vyake vilikuwa vikitoa karibu tani milioni 1.8 za salfa dioksidi kwa mwaka, na upande upepo unakoelekea miti imesimama imekufa kwa makumi ya kilomita, kama vijiti vya mshikaki. Anasema mtoto wa Norilsk anaijua ladha ya gesi kabla hajajua kusoma. Ni tamu kidogo kwenye ulimi, kisha koo linakaba. Kiwanda kimoja cha nikeli cha katikati ya mji kilifungwa mwaka 2016 na watu wakapata nafuu. Mwaka huo huo mto Daldykan uligeuka mwekundu.

Halafu 29 Mei 2020. Tangi la akiba la kituo cha umeme lilipasuka na tani kama 21,000 za dizeli zikamwagika, zikaingia mto Ambarnaya. Kampuni ilisema ardhi iliyoganda chini ya nguzo za tangi ilikuwa imelegea. Wakaguzi wa serikali wakasema tangi lilijengwa na kutunzwa vibaya. Mahakama iliamuru kampuni ilipe rubo bilioni 146, karibu dola bilioni 2. Nimemuuliza mzee alikuwa wapi siku hiyo. Alikuwa nyumbani, na kilichomfikia kwanza kilikuwa harufu, kama ya lori lililosimama mlangoni bila kuzimwa.

"Mafuta yakimwagika kwenu," akaniuliza, "yanakaa muda gani?" Nikamjibu kwamba kwenye joto sehemu yanapaa na jua, na vijidudu vinakula mengine. Akatikisa kichwa. "Kwetu vijidudu vyenyewe vimelala miezi tisa."

Alhamisi, 1 Agosti. Irkutsk

Nimefika. Nimelala.

Jumamosi, 3 Agosti. Listvyanka

Kilomita 70 kwa marshrutka, daladala ya huku, dereva akiendesha kama wa Mwanga, kwetu Kigoma. Kona ya mwisho, nikaliona.

Nilisimama muda mrefu. Milima ya ng'ambo ilikuwa na rangi ile ile ya milima ya Kongo inavyoonekana kutoka Kibirizi saa za jioni. Nikashuka kwenye changarawe, nikatia mkono. Maji ni baridi mpaka mifupa inauma. Nimeyachota kwa viganja nikanywa, kama wanywavyo wenyeji, na ni matamu. Humu ndani kuna takriban sehemu moja kwa tano ya maji baridi yote ya juu ya ardhi duniani ambayo hayajaganda. Letu ndilo linalofuatia kwa wingi wa maji.

Hiyo ilikuwa upande wa nje ya kijiji. Nilipotembea kuelekea mahoteli nikasikia harufu kabla ya kuona. Ufukweni kulikuwa na mkeka wa kijani uliooza, upana wa hatua tatu au nne, na nzi juu yake. Nikainua fundo moja. Ni nyuzi ndefu, telezi, nyembamba kama nywele zilizoloweshwa mafuta, na ukizikamua zinatoa maji ya rangi ya mchicha. Ni mwani uitwao spirogira. Kabla ya mwaka 2010 hivi haukuwa ukionekana kwa wingi huu kwenye fukwe za wazi za Baikal. Chakula chake ni maji ya vyoo, sabuni na mabaki ya jikoni yanayopenya kutoka kwenye mashimo ya mahoteli na nyumba za wageni. Katikati ya ziwa maji bado ni safi ajabu. Kinachougua ni ukingo, na ukingo ndipo samaki wengi na konokono wanapoishi.

Ndipo wanapoishi sifongo pia. Sifongo wa Baikal ni wa kijani, anasimama chini ya maji kama kichaka chenye matawi, na kazi yake ni kuchuja maji usiku na mchana. Kijana mpiga mbizi pale gatini amenionyesha video zake. Mwaka wa kwanza vichaka vya kijani. Miaka miwili baadaye, mahali pale pale, madoa ya waridi, kahawia, vingine vimebaki mifupa iliyofunikwa utando. Alisema anakwenda kuvitazama kama mtu anavyokwenda kutazama wagonjwa.

Sokoni wanauza samaki wa kukaushwa kwa moshi. Nimeuliza omul, samaki maarufu wa ziwa hili. Uvuvi wake wa kibiashara ulipigwa marufuku Oktoba 2017 baada ya idadi yake kushuka mno. Mama muuzaji aliniangalia juu mpaka chini, kisha akasema hana omul, ana samaki mwingine tu. Nikampigia Mjomba simu pale pale, nikamweleza kwamba huku wamefunga omul tangu mwaka 2017. Kimya upande wa pili. "Miaka saba, mjomba? Hao wavuvi wanakula nini?" Akasema hatalalamika tena kuhusu miezi mitatu, ingawa namjua, kesho atalalamika.

Jumapili, 4 Agosti. Bolshie Koty

Nimekuja kwa boti kwa sababu ya hadithi moja tu. Mwaka 1945, vita vikiwa vinaisha, mwanabiolojia Mikhail Kozhov alianza kuja hapa kupima maji kila baada ya siku saba hadi kumi: joto, uwazi, viumbe wadogo. Kiangazi kwa boti, wakati wa baridi kupitia tundu kwenye barafu. Alipokwisha, binti yake Olga Kozhova akaendelea. Baada yake mjukuu, Lyubov Izmest'eva. Vizazi vitatu vya ukoo mmoja, sehemu moja ya ziwa, zaidi ya miaka sitini. Kutokana na madaftari yao ndipo dunia ilipojua kwamba maji ya juu ya Baikal yameongezeka joto kwa nyuzi 1.2 hivi tangu mwaka 1946, ziwa ambalo wengi walidhani ni kubwa na baridi kiasi kwamba haliwezi kuguswa.

Kituo chenyewe ni majengo ya mbao ya kawaida, maua dirishani. Hakuna kibao kikubwa. Nimekaa kwenye ngazi nikaandika barua kwa rafiki yangu aliyeko TAFIRI, taasisi ya utafiti wa uvuvi, Kigoma. Kwetu joto linafanya jambo jingine. Maji ya juu yanapopata moto yanakuwa mepesi, yanakaa juu kama mafuta, na yale ya chini yenye rutuba hayapandi kuwalisha dagaa. Baikal linapoa hadi kuganda kila mwaka, kwa hiyo hewa inashuka mpaka chini kabisa na kuna wanyama kwenye kina cha mita 1,600. La kwetu, chini ya mita mia mbili hivi, halina hewa. Tunahitaji ukoo wa namna hii Kigoma. Nimemwandikia hivyo hivyo.

Jumanne, 6 Agosti. Baikalsk

Treni ya umeme hadi Slyudyanka, penye kituo kilichojengwa kwa marumaru, kisha mbele kidogo. Mji huu unajulikana kwa vitu viwili. Cha kwanza ni stroberi. Akina mama wamekaa barabarani na ndoo ndogo, msimu unaishia. Nimenunua glasi moja, ni tamu na bado ina joto la jua.

Cha pili ni kiwanda cha massa ya karatasi, yaani rojo la miti la kutengenezea karatasi. Kilifunguliwa mwaka 1966 kando kabisa ya ziwa, kwa sababu kilihitaji maji masafi. Kikafungwa mwaka 2013. Waliokifanyia kazi wanasema siku upepo ulipogeuka mji mzima ulinuka kabichi iliyooza. Kimeacha zaidi ya tani milioni 6 za mabaki, lignini na majivu, kwenye mabwawa ya wazi kati ya mlima na maji.

Nimetembea hadi kwenye uzio. Ndani ni kama uwanja uliofunikwa nyasi na vichaka, na usingejua ni kitu gani. Mzee aliyekuwa akipita na mbwa akaniambia nisidanganyike. Chini ya nyasi kuna uji mweusi, na mtu akikanyaga penye nyasi changa anazama. Kwa nini haukauki, nikauliza. "Kila baridi unaganda, kila kiangazi unalegea. Uko vile vile nilipouacha kazini." Milima iliyo juu ya mji ina historia ya maporomoko ya matope, na likishuka moja kubwa kwenye mabwawa hayo, mita mia kadhaa mbele ni Baikal. Mipango ya kuusafisha imepita mikono mingi tangu kiwanda kifungwe. Stroberi nilizobaki nazo nimempa mbwa, hazikupita tena kooni.

Alhamisi, 8 Agosti. Irkutsk

Kufua nguo, kununua dawa ya mbu. Nimeiaga Angara, mto pekee unaotoka Baikal wakati mito zaidi ya 300 inaingia.

Ijumaa, 9 Agosti. Yakutsk

Ndege imekata saa tatu. Jamhuri ya Sakha peke yake ina zaidi ya kilomita za mraba milioni 3, na watu milioni moja tu. Dirishani niliona misitu yenye makovu, mabaka ya kijivu yasiyo na umbo, mengine makubwa kuliko wilaya. Tulipotua hewa ilikuwa na moshi mwepesi, jua likiwa kama sahani ya shaba.

Wenyeji wanasema hii ni siku nzuri. Mwaka 2021 ziliungua zaidi ya hekta milioni 8 hapa, eneo linalokaribia mara mbili ya mkoa wa Kigoma wote pamoja na maji yake, na moshi ukafika Ncha ya Kaskazini. Mwenye nyumba ninapolala alifunga madirisha kwa taulo mbichi. Amenieleza jambo ambalo sikulijua. Tangu mwaka 2015 kuna maeneo ya mbali ambayo mamlaka ya mkoa inaruhusiwa kuacha moto uwake, ikiwa kuuzima ni ghali kuliko hasara inayokadiriwa. "Na hasara wanaikadiria kwa nyumba," akasema. "Kulungu, sungura, uyoga, hivyo havimo."

Jumatatu, 12 Agosti. Yakutsk

Leo nimeshuka ndani ya ardhi. Taasisi ya Utafiti wa Ardhi Iliyoganda ina handaki chini ya majengo yake, mita kumi na mbili hivi. Nje nyuzijoto 26. Wakanipa koti. Mlango mmoja, wa pili, ngazi, na pumzi yangu ikaanza kuonekana.

Dari limeota fuwele za barafu kubwa kama manyoya, ukizipulizia zinadondoka bila sauti. Ukutani nikaona tena ile keki ya Bibi wa Kiselyovsk, ila mistari hii ni mchanga, udongo, barafu safi, udongo, na kila mstari ni maelfu ya miaka. Mtafiti kijana aliyeniongoza akanionyesha kwa tochi vinyuzi vyembamba vimejitokeza. Mizizi ya nyasi. Ilikufa kabla ya historia yoyote iliyoandikwa, na haijaoza.

Ardhi ya namna hii imeshika takriban asilimia 65 ya Urusi. Hapa Yakutsk, mwaka 1828, mfanyabiashara Fyodor Shergin alianza kuchimba kisima. Walifika mita 116 na udongo ulikuwa bado umeganda. Nyumba zote kubwa za mji zimesimama juu ya nguzo, hewa ipite chini, ili joto la watu lisiyeyushe ardhi. Kule Verkhoyansk, kaskazini, mahali palipopimwa nyuzi 67.8 chini ya sifuri mwaka 1892, ilipimwa nyuzijoto 38 tarehe 20 Juni 2020.

Kijana amenieleza kwa utaratibu. Juu ya ardhi iliyoganda kuna kuvumwani na majani, blanketi linalozuia joto la kiangazi. Moto ukilichoma blanketi, au miti ikifyekwa, ardhi inaanza kulegea. Huko Batagay walifyeka msitu miaka ya 1960, na leo pana shimo lenye urefu wa kama kilomita moja, linaendelea kujila kingo zake. Kwenye ardhi iliyoganda ya kaskazini yote kuna kaboni takriban tani bilioni 1,500, karibu mara mbili ya iliyoko hewani. Vijidudu vikiamka vitaila, vitoe gesi, joto lizidi. Na si kaboni peke yake. Mwaka 2016 huko Yamal, magharibi, kimeta kiliamka na joto, kinachodhaniwa kutoka kwenye mizoga ya zamani iliyokuwa imeganda. Kulungu wa kufugwa zaidi ya 2,000 walikufa, na mtoto wa miaka 12.

Alivunja kipande cha udongo wa ukutani akakiweka kiganjani mwangu. Kikaanza kuyeyuka. Na ikatoka harufu.

Niliijua. Nikiwa darasa la nne Mama alikuwa na friza ya migebuka, na umeme wa Kigoma siku hizo ulikuwa wa jenereta. Tulisafiri msibani Kasulu siku nne, tukarudi, Mama akafungua mfuniko. Umeme ulikuwa umekatika siku tuliyoondoka. Hakupiga kelele. Aliurudisha mfuniko taratibu, akaukandamiza kwa mikono miwili, kana kwamba angeweza kuizuia harufu isitoke. Mtaji wote ulikuwa mle.

Nimemsimulia kijana, Kirusi changu kikikwama kwama. Akasema kesho anakwenda kwao Churapcha, kama nataka twende.

Jumanne, 13 Agosti. Churapcha

Lena haina daraja hapa Yakutsk. Kiangazi unavuka kwa kivuko, wakati wa baridi kwa gari juu ya barafu, na katikati ya misimu hiyo huvuki. Baada ya kivuko, saa tatu za vumbi.

Kijiji kiko kwenye mbuga za majani, farasi wafupi wenye manyoya, maziwa madogo ya mviringo. Ua wa nyumba yao umejaa matuta, kama shamba la viazi vitamu ambalo mtu hakulimaliza, ila hakuna aliyelima. Barafu ya chini imeyeyuka kwa mistari, udongo wa juu ukashuka, yakabaki matuta. Uzio umeinama huku na kule. Ule uliokuwa uwanja wa ndege wa kijiji umekuwa mawimbi matupu, ng'ombe wanalala mabondeni mwake.

Mama yake ametupikia, kisha akanipeleka nyuma kuona buluus. Ni shimo la kuhifadhia ambalo kila familia ya Wasakha ilikuwa nalo, limechimbwa ndani ya ardhi iliyoganda, na mlango wa mbao juu. Humo waliweka nyama, samaki, na mapande ya barafu ya ziwani waliyoyakata mwanzo wa baridi ili wapate maji ya chai kiangazi chote. Akauinua mlango. Ngazi ilishuka vipandio vitatu ikaingia kwenye maji meusi, na juu ya maji kulikuwa na ubao unaelea. Alichimbiwa na baba mkwe wake. Miaka arobaini halikuwahi kuwa na tone.

Hakusema mengi. Alionyesha kwa kidole mahali nyama iliponing'inizwa, mahali barafu ilipopangwa, kama mtu anayekutembeza nyumba iliyoungua. Ndani, kwenye korido, kuna friza mpya nyeupe ya mfuniko, ya umeme, inanguruma. Juu yake ametandika kitambaa cha kufuma, na picha ya wajukuu.

Alhamisi, 15 Agosti. Yakutsk

Uwanja wa ndege, usiku wa manane. Kigoma ni saa kumi na mbili jioni. Simu imelia: video ya Mama kutoka mwaloni. Watu wamejaa, watoto wanakimbia, na mitumbwi inasukumwa majini mmoja baada ya mwingine. Nimemwona Mjomba amesimama kwenye ukingo wa mtumbwi na taa zake, hazijawashwa.

Nikampigia Mama, nikamuuliza kama watapata kitu. Mwezi umekaribia kuwa mpevu, na dagaa hawafuati taa kwenye mbalamwezi, kila mtoto wa Kibirizi anajua hilo.

"Hawatapata," akasema. "Mjomba wako mwenyewe kasema hawatapata. Wameingia tu, wanataka kuyaona maji."